Mama Amemshika Mkwe Wake

Jumamosi usiku

Bado nacheka. Kwetu mama mkwe hakai karibu na mkwe wake. Kwa hivyo leo, kuzunguka milima ya kisiwa cha Mfangano, katika Ziwa Victoria, Mama aliketi nyuma kabisa ya gari, mume wangu, Baba Akinyi, mbele na dereva anayetutembeza, mimi katikati nikipeleka ujumbe. "Mwambie Baba Akinyi afunge dirisha." Na yeye anasikia kila neno!

Ilinichosha. Miaka yote mume wangu ananiuliza kama Mama anampenda.

Kisha gari likapanda mawe, likainama upande wa ziwa. Mama akanipita juu, akamkamata mume wangu shati, akamwita kwa jina lake. "Ouma, mwanangu, usiniache!"

Tulishuka mlima.

Shati limechanika begani. Nimeleta sindano, lakini mume wangu ameniambia niliache hivyo hivyo.