Jina Yangu mu Karatasi ya Banki

Siku ya kwanza, tarehe 3 mwezi wa tatu

Nilipika munkoyo, kinywaji ya mahindi ya kuuzisha, ndoo tatu. Mizizi ya kuchachisha ilikuwa mizee, haitakuwa tamu. Uji haijapola, muntu wa tribunali, kule kwa bajuji, akaleta karatasi. Nikaisoma mi mwenyewe, kidole juu ya kila neno. Banki itauzisha nyumba. Hii yenye marehemu bwana yangu alijenga hapa Naviundu akaniachia.

Floribert, mutoto yangu wa kwanza, alikopa franga ya kamyo, akaweka nyumba rehani. Kamyo ilianguka ku barabara ya Kilwa. Hakuniambia neno. Karatasi za nyumba nilimupa azichunge juu njo mukubwa. Njo desturi yetu. Njo bujinga yangu pia.

Siku ya pili, tarehe 4

Muntu mumoja wa Golf, kule kwa batajiri, mwenye anataka kununua nyumba, alikuya na gari kubwa. Akapima kiwanja kwa hatua, hakunisalimia. Nikamwambia: “Papa, hata muchawi anasemaka jambo mbele ya kuingia.”

Akacheka. “Pika tu, mama. Siku iko karibu.”

Alihesabu vyumba. Bajukuu bangu bane, bana ba Floribert, banamuangalia. Sikupenda ile macho yake.

Siku ya ine, tarehe 6

Avoka, mwenye ananitetea, alishitaki banki ku tribunali, mauzo isimame kwanza. Leo akanionyesha karatasi ya mukopo. Chini, jina yangu, Ngoie Mwamba. Herufi nzuri, mukia ya g ndefu.

Ile karatasi iko na miaka tatu. Mi nilianza masomo ya bamama ya kusoma na kuandika ku kanisa mwaka tu ilipita. Mbele ya pale, kila kitu nilitia kidole ya wino.

Nikamwambia avoka vile, akafurahi sana. “Mama, tumeshinda! Mwenye aliandika jina yako atafungwa mu buloko, nyumba itabakia.”

Nikamurudishia karatasi. Ule mukia naujua. Niliuona mu kayee ya masomo ya Floribert, kabla sijajua kusoma.

Siku ya yenga, tarehe 9

Kisha misa nilimuita Floribert. Alilia kama mutoto. Anasema banki ilimukaza alete jina yangu, mi nilikuwa ku matanga, aliona atalipa mbele nijue. Nilimupiga kofi moja. Mwanaume wa miaka makumi ine. Kiisha nikamupa chakula.

Niko na hasira naye. Niko na hasira na miye, juu bado namupenda.

Siku ya tatu, tarehe 12

Muchana yote, mulango imefungwa. Naandika jina yangu. Si namna mwalimu alinifundisha. Namna Floribert aliiandika. Mukia ndefu. Mara makumi tano, sita. Vidole vinauma. Karatasi zote nilitia ku moto.

Nyumba ni tofali. Mu buloko bantu banakufa na njaa. Bana bake banabakia na nani?

Niko na woga. Mungu anaona.

Siku ya kwanza, tarehe 17

Tribunali. Muntu wa Golf alikaa mbele, muguu juu ya muguu. Floribert nyuma, kichwa chini.

Juji akanipa karatasi. “Mama, hii ni mukono yako?”

“Ni yangu.”

Avoka akaruka. “Mama! Uliniambia haukuwa unajua kuandika!”

“Nilikudanganya, Maître. Mi ni muzee, napenda nyumba yangu.”

Juji akanipa kalamu. Nikaandika. Mukia ya g ndefu. Akaangalia hii, akaangalia ile. Akaandika kitu yake.

Ku mulango avoka akaniambia: “Umejizika, mama.” Sikumujibu. Maisha yangu yote sikusema bongo, sikudanganya muntu. Leo nimesema, na mbele ya msalaba ya ukuta.

Siku ya posho, tarehe 5 mwezi wa ine

Banki iliuzisha nyumba kwa muntu wa Golf. Sasa tuko mu chumba moja, ya kupanga. Bajukuu banalala juu ya mukeka, bote. Mvula imeacha.

Floribert alikuya na mufuko ya makala ya kupikia. Akaiweka inje, akasimama pale, viatu mu matope.  

“Ingia,” nikamwambia. “Kuya kula, bukari inapola.”

Akaingia. Nikamukatia kipande ya samaki. Akala, kidogo kidogo, na sikumuangalia ku macho.