Mstari wa Maji Ukutani

Jumatatu, 5 Mei 2003

Leo dukani limeingia boksi la viatu, na ndani yake mji mzima! Picha mia na kitu za Fort Worth ya zamani, zimefungwa mafungu mafungu kwa mpira. Kamati ya maonyesho inataka tuzi-scan, tuzikuze, zitundikwe ukumbini Jumamosi ya tarehe 17. Siku hiyo itatimia miaka hamsini na minne tangu mto Trinity ufurike. Mogaka, mwenye duka hili la picha, kanikabidhi mimi boksi zima. Wewe ndiye mzee wa hizi vitu, anasema. Mzee! Amenizidi mwaka mmoja, ila yeye anapaka nywele rangi.

Nimeshinda naziangalia. Ng'ombe wanavuka mto, maji shingoni. Mahakama juu ya kilima, chini yake matope matupu na mikokoteni imenasa. Wanawake wa kofia kubwa wamesimama kwenye daraja jipya kana kwamba wamelijenga wao. Miaka kumi na mmoja naishi hapa, nikidhani mji huu ulizaliwa pamoja na barabara zake kuu. Na ule mto nilikuwa naupita kila siku nikidhani ni mfereji. Samahani, mto.

Mezani nimemsimulia mke wangu. Ndeshi amesema anafurahi nimepata watu wa rika langu.

Jumatano, 7 Mei

Kazi nzuri leo. Najisifu, hakuna anayesoma hapa.

Picha nyingi za lile boksi zina alama ya mpira, doa jeusi lililokata picha katikati. Mogaka aliniambia ni-scan tu, madoa atayaondoa yeye kwenye kompyuta. Lakini mimi nimefundishwa kazi na Bwana Patroba, studio yake pale Moshi, mwaka sabini na nne. Kwake picha ilisafishwa kwanza, ndipo ikanakiliwa. Mteja hapokei picha yenye doa! Kovu la shavuni tuliliondoa, chunusi tuliziondoa, kuna bwana harusi tulimpunguzia hata masikio. Basi nikatoa wembe wangu na miwani zangu mbili, moja juu ya nyingine, nikakwangua. Picha kumi na mbili.

Ya mwisho ndiyo iliyonichosha. Mwanamume mweusi, mrefu, kasimama kando ya nyumba ya mbao iliyopakwa chokaa. Mkono wa kulia kauweka ukutani, usawa wa sikio, kama mtu aliyechoka anajishikiza. Doa limetoka ukingo mmoja wa ukuta hadi mwingine, limepita chini ya kiganja chake. Dakika arobaini! Nililifuata unywele kwa unywele. Sikutoka nje ya doa hata mara moja.

Mogaka anasema kompyuta ingemaliza kwa dakika mbili. Nimemwambia kompyuta haina mkono.

Ijumaa, 9 Mei

Mungu wangu.

Saa nne asubuhi ameingia mama mmoja, Miss Ozella. Miaka sitini na sita, kofia ya zambarau, fimbo. Ananiita "baby", mimi na kitambi changu. Kaja kuulizia picha ya baba yake, ile ya nyumba ya mbao. Nikamvutia kiti. Akaanza kueleza.

Mafuriko ya mwaka 1949 yaliwakuta kando ya mto, yeye ana miaka kumi na miwili. Maji yalifika sikioni kwa baba yake, na baba alikuwa mrefu. Tangu hapo anasema hivyo na watu wanatabasamu. Mwenyekiti wa kamati, injinia mstaafu, mtu wa makaratasi, ameshaandika maelezo ya ukutani: mtaa ule maji yalifika magotini. Kamwambia Miss Ozella kwa upole kwamba mtoto huyaona maji makubwa kuliko yalivyo. Kwa upole! Hilo ndilo lililomuuma.

Halafu mwezi wa tatu, kwenye vitu vya shangazi yake aliyefariki, akaipata hii picha, akaikabidhi kamati. Shangazi aliipiga siku maji yalipokauka. Mstari wa matope umebaki ukutani, na baba ameuwekea mkono ili watu waone.

"Mstari upo, baby. Mwaka huu watauona."

Hakuomba kuiona. Aliniamini. Aliuliza tu kama imetoka vizuri.

Nikamjibu imetoka safi.

Alipoondoka nilikwenda chooni nikakaa. Sikuwa na haja yoyote.

Jumamosi, 10 Mei

Nimemwambia Mogaka. Kapekua mashine yote: hakuna nakala ya kabla. Negativu haipo, kamera ya shangazi ilipotea zamani. Picha ni hiyo moja duniani, na mimi nimeikwangua.

Mogaka hakufoka. Afadhali angefoka. Alifunga mlango wa ndani, akasema, "Si uuchore tu tena? Brush unayo, mkono unao. Nani atajua?"

Nikasema nitajua mimi.

"Wewe peke yako si wengi, ndugu yangu."

Hana ubaya. Kamati ikisikia duka lake linakwangua picha za watu kwa wembe, nani ataleta tena boksi lake hapa? Na mimi, kwa umri huu, nani ataniajiri na wembe wangu?

Jumapili, 11 Mei

Ndeshi kagundua kwa sababu mezani sikuongeza ndizi. Nikamweleza. Kwanza kacheka, akafunika mdomo. Kisha hakucheka tena.

"Utamwambia lini, Baba Elia?"

Nikasema bado natafakari.

"Sijakuuliza kama unatafakari."

Kijana wetu Elia hakuinua hata macho. "Just fix it on the computer, Dad." Kila mtu ananishauri nirekebishe picha. Mke wangu tu ndiye anayetaka nirekebishe kitu kingine. Na leo ni Siku ya Mama. Nilisahau maua pia.

Jumatatu, 12 Mei

Wilondja kaja na familia nzima kupiga picha za green card. Ni Mkongo wa Uvira, anafanya kazi ghala moja huku Haltom City. Mkewe Fanny, watoto watano, wote wamevaa kama Pasaka. Fanny anamfuta kila mtoto uso kwa leso ile ile. Mdogo aligoma kutazama kamera mpaka nilipomwimbia. Naimba vibaya, ndiyo maana alitazama.

Nilipokuwa nakata picha Wilondja akaliona boksi. Kaomba ruhusa, kaosha mikono — kaosha mikono! — ndipo akazishika moja moja. Akakaa sana kwenye ile ya ng'ombe mtoni.

"Kaka Kalisti, miye sina ata moja. Sura ya baba yangu naitafutaka kwa huyu mtoto wangu, naikosa. Zote zilibakiaka kule."

Nikamwonyesha ya mtu wa nyumba ya mbao. Nikamweleza nilichofanya. Sijui kwa nini yeye. Labda kwa sababu alinawa.

Akaitazama muda mrefu. "Weye ulipewa baba ya mwenzako, ukamusafisha?"

"Nilidhani ni doa."

"Eeh. Ata sisi, wale walitufukuza walisema ni kusafisha."

Fanny akamkanyaga mguu. Yeye mwenyewe akashtuka, akanishika bega, pole kaka, sikusema weye ni kama wale, ni mdomo tu. Tukacheka wote kidogo, kicheko cha watu wanaotaka kutoka chumbani. Aliacha jaketi la mtoto, akarudi kulifuata, akanipa mkono mara ya pili.

Jumatano, 14 Mei

Nimejaribu. Niandike ukweli: nimejaribu.

Nilichukua nakala mbovu ya picha ile ile, nikachanganya wino, nikanyoosha brashi kwa ulimi kama alivyonifundisha Bwana Patroba. Nikavuta mstari. Dakika tano tu. Ulikaa pale pale, chini ya kiganja, na madoadoa ya matope juu yake. Mogaka akapiga mluzi. Mzee, hata yule mama mwenyewe hatajua!

Ulikuwa mzuri. Mzuri kuliko ule wa kweli. Hapo ndipo nilipoogopa.

Maana yule injinia si mjinga. Na hata angekuwa mjinga — mama yule amesema kweli miaka hamsini na minne, halafu mimi nimpe uongo autundike ukutani asimame mbele yake na kofia yake? Nimeichana ile nakala. Mogaka kageukia kompyuta yake. 

Nimempigia Miss Ozella simu. Ijumaa saa tisa, nyumbani kwake.

Ijumaa, 16 Mei

Nimekwenda. Niliandaa hotuba njia nzima, kwa Kiingereza kilichonyooka. Mlangoni ikanitoka yote. Nikasema tu, kabla hata ya kukaa: ule mstari nimeufuta, Miss Ozella, kwa wembe, nilidhani ni doa, nisamehe.

Alikuwa ameshanimiminia chai ya barafu. Akaweka jagi chini. Akavaa miwani, akaichukua picha niliyomletea, akaenda nayo dirishani. Alinipa mgongo. Saa ya ukutani kwake ina sauti kubwa mno.

"Baba hakuwa mtu wa kuegemea kuta," akasema. "Sasa anaonekana kama anaegemea."



Akaigeuza picha huku na huku kwenye mwanga. Ghafla mkono wake ukasimama. Akaniita niende. Ukiitazama uso kwa uso huoni kitu, ukuta ni mweupe. Lakini ukiilaza mwanga ukaipita kwa ubavu, njia ya wembe inaonekana! Pale nilipokwangua mng'ao umetoka, pamebaki ufito uliofifia, mwembamba, umenyooka kutoka ukingo hadi ukingo, umepita chini ya kiganja cha mzee. Mimi fundi wa miaka thelathini, nimekaa na ile picha siku tisa, sikuwahi kuilaza.

"Hii njia ni yako?"

"Ni yangu."

"Ulitoka nje ya mstari? Juu yake, chini yake?"

"Hapana, Miss Ozella. Sikutoka hata unywele." Na sauti yangu, Mungu anisamehe, ilikuwa na majivuno.

Akanitazama juu ya miwani. Akasema basi mimi ndiye mtu wa mwisho kuuona, na nimeuona kwa karibu kuliko yeyote aliye hai. Kesho nitasimama kando ya picha niwaambie palikuwa na nini, na nani alikifuta.

Nikamwambia Kiingereza changu hakifai mbele ya watu.

"Utawaambia kwa hicho hicho ulichokitumia hapo mlangoni, baby."

Nikauliza kama amenisamehe. Akasema hilo tutaliongea baada ya kesho. Chai aliiacha pale pale mezani, hakunikaribisha tena. Niliiangalia barafu ikiyeyuka mpaka nilipoona aibu, nikaaga.

Mogaka nimempigia. Akauliza kama jina la duka ni lazima litajwe. Nikasema sijui. Akashusha pumzi. Atakuja, anasema, maana mtu lazima aone nyumba yake ikiungua.

Jumamosi, 17 Mei

Naandikia garini, nje ya ukumbi. Dakika kumi zimebaki. Suti ni ile ya harusi ya shemeji. Kifungo cha chini nimekiacha wazi, cha katikati kinaomba ruhusa. Ndeshi ameshaingia. Kanirekebisha tai, kasema nisianze na mzaha. Ananijua.

Kupitia kioo cha mlango naona ndani. Ng'ombe wangu wako ukutani, wakubwa kama walio hai. Wale wanawake wa darajani pia. Watu wengi kuliko nilivyodhani! Mwenyekiti ana miwani ya kamba na makaratasi. Maelezo ya mtaa ule bado yanasema magotini, nimeyasoma asubuhi tulipotundika.

Miss Ozella kaja na taa ya mezani kutoka kwake, yenye kivuli cha maua. Kamwamuru Mogaka aiweke kando ya picha ile ndogo, ya asili, mwanga upite kwa ubavu. Mogaka kaiweka, kaisogeza, kaisogeza tena, mpaka akaridhika mwenyewe. Mwenyekiti akauliza taa ni ya nini. Mama akamwambia asubiri.

Nimejirudia sentensi ya kwanza mara ishirini. I am the man who. Hapo inakwama. I am the man who.

Na wakisema, bwana, wewe ni fundi uliyeharibu kazi, unatafuta pa kujificha? Na wakisema alama ya wembe ni alama ya wembe tu? Wana haki. Nina mkono wangu tu wa kuwaonyesha.

Mlango umefunguka. Ni yeye. Kofia ya zambarau, fimbo. Amesimama kwenye ngazi, anaangalia magari moja moja. Anadhani nimekimbia. Ameniona.

Hapungi. Haniiti. Ameegemeza fimbo ukutani, ameinua mkono wa kulia, ameuweka kwenye nguzo ya mlango, kiganja bapa, kama baba yake pichani, juu kadiri anavyofika. Hafiki sikioni kwa baba yake. Amesimama kwa ncha za vidole, na miaka yake yote, na bado hafiki.

Mimi ningefika.

Nimefungua mlango wa gari, mguu mmoja uko nje, kalamu bado mkononi. Naenda.