Laini Mbili za Mama Auma

Dada Salma mpendwa,

Nakuandikia kutoka Busia, upande wa Uganda, vidole vikinukia muhogo wa kukaanga. Ile kampuni ya simu ya kisiwa chetu imefika ng'ambo! Mimi na meneja tuliweka meza karibu na mpaka, lakini asubuhi nzima hatukuuza laini hata moja. Meneja akasema tukikosa mteja leo, tunafunga, na mimi narudi nyumbani bila kazi.

Mchana akaja Mama Auma, muuza muhogo. Akaonyesha kidole upande wa Kenya, kwa mama mmoja muuza nyanya. "Mimi nataka laini mbili. Moja yangu, moja ya dada yangu yule."

"Si umwite tu, mama?" nikamuuliza. "Hata ukiwa hapa atakusikia."

"Hatuongei tangu tumzike mama yetu. Nitaanza aje na macho yake yananiangalia?"

Nikavuka na laini, nikamwambia imetoka kwa dada yake. Dada mtu akaitia kwenye simu yake. Wakapeana mgongo, wakapigiana. Salma, sauti zao zilipanda hadi mitambo ya kwetu kisiwani ndipo zikarudi kwa mtu aliye hatua ishirini tu! Zilichelewa, kwa hiyo kila "nisamehe" ilisikika mara mbili, kwanza hewani, kisha simuni.

Mama Auma akageuka, akavuka mpaka simu ikiwa sikioni. Wakakumbatiana huku bado wanaongea kwa simu. Meneja alilia kama mtoto.

Jua huku ni kali, ila nala vizuri. Mpe mama busu langu.

Mdogo wako,
Rehema