Nilipanda Baiskeli Tokoname, Nikakataa Udongo

Jumamosi. Jua la mwezi wa tisa limeshinda na hasira, upepo unazungusha vumbi la Machakos mjini, na vilima vya Iveti vimekauka hadi unaweza kuhesabu mawe yake ukiwa barabarani. Mvua bado. Mimi nimeketi mlangoni na chai, nimevaa fulana yenye maandishi ya Kijapani ambayo sijui yanasema nini. Inaweza kuwa inanitukana. Ninaivaa tu.

Ndiyo, Japani. Soma tena kama hukuamini.

Wale mnaonifuata hapa mnajua mimi si mtu wa kukaa mahali pamoja. Darasa la saba niliona kalamu inanichelewesha, nikaingia lori. Nimelala Malaba, nimekula samaki Jinja, nimekwama kwa matope ya njia ya Juba mpaka ng'ombe wa pale wakanizoea. Lakini ndege ya kuvuka bahari nilikuwa naiangalia tu nikiwa chini, mpaka binti yangu Mwende, ambaye anatunza wazee huko Japani, akanitumia tiketi. "Baba, kuja uone." Nikaenda, nikaona. Nimerudi Jumatano, na mguu wa kushoto bado unauma.

Unauma kwa sababu ya baiskeli.

Mwende alikuwa ametulipia matembezi ya baiskeli ya siku moja, na kiongozi, katika mji unaitwa Tokoname. Ni mji wa wafinyanzi. Usifikirie duka la vyungu kando ya barabara. Ni mji mzima: mabomba ya moshi ya matofali yamesimama katikati ya nyumba za watu, mengine yameota majani kichwani, na kila kona mtu ana udongo mikononi. Na joto la huko, jamani, linakukumbatia kama shemeji aliyelewa.

Kiongozi wetu alikuwa mzee mwembamba, Bwana Kimura. Alitugawia baiskeli zenye mota. Mimi nikakataa. Nikamwambia Mwende amtafsirie kwamba nimezaliwa Kalama, kwamba nikiwa kijana nilikuwa napandisha magunia ya maembe kwa blakmamba, ile baiskeli nzito isiyo na gia, na kwamba mtu wa milima hasaidiwi na betri. Bwana Kimura akainama kwa heshima, akaniletea baiskeli ya kawaida.

Mlima wa kwanza, mama wawili kutoka Australia, wenye mvi tupu, wakanipita huku wakipiga stori. Mmoja akanipungia mkono.

Mlima wa pili nilisukuma.

Lakini ni kusukuma ndiko kulinifanya nianze kuona. Ukuta wa kando ya njia ulikuwa wa mitungi. Mitungi mizima ya pombe, imelazwa moja juu ya nyingine. Upande wa pili, mabomba makubwa ya udongo, yale ya kupitisha maji machafu. Hata chini nilipokanyaga kulikuwa na vipande vya udongo vimepangwa ili mtu asiteleze. Nikauliza. Bwana Kimura akasema ni vitu vilivyoharibika kwa tanuri zamani, vilivyopinda au kupasuka, ambavyo hakuna mtu angenunua. Basi watu wakavishindilia hapo ili kilima kisiporomoke.

Nilisimama kama nimekutana na jirani uwanja wa ndege.

Kwa sababu nyuma ya jikoni ya mama yangu, kule Kalama, ni hivyo hivyo. Chungu kilichopasuka mdomo ndicho kuku wanakunywea maji. Vingine vimezikwa nusu, vinashika udongo wa shamba usiende na mvua. Mwaitu, ndivyo tunavyomwita mama kwa Kikamba, ni mfinyanzi. Vyungu vya isyo, ule mchanganyiko wa mahindi na maharagwe, na mitungi ya maji. Hatumii gurudumu. Anazunguka chungu kwa miguu yake mwenyewe, anarudi kinyumenyume, mkono ndani, mkono nje.

Haya nayajua kwa kuchungulia. Hapa lazima nieleze, maana najua kuna wasomaji wa mbali.

Kwetu udongo ni wa wanawake. Mwanaume hakanyagi pale unapochimbwa, hashiki ukiwa mbichi, na siku ya kuchoma hapiti karibu na moto. Akipita, vyungu vinapasuka. Mimi ni mtoto pekee wa Mwaitu, nimekula kwa vyungu vyake maisha yangu yote, na ule udongo sijawahi kuugusa hata kwa kidole. Nikiwa mdogo nilisogea tu, nikafukuzwa na mwiko.

Sasa elewa kilichotokea Tokoname.

Baada ya milima tukaingia karakana ya mzee mmoja mfinyanzi. Tukakalishwa kwa viti vifupi, kila mtu akawekewa donge la udongo mwekundu mbele yake. Wale mama wa Australia wakaanza kukanda kama chapati. Mwende pia. Mimi mikono yangu ikaenda yenyewe ikajificha kwapani.

"Mwende, leta hiyo simu, mimi nitapiga picha."

"Baba, si ulisema hakuna kitu kimewahi kukushinda?"

"Susu yako anachoma vyungu wiki ijayo," nikamwambia. Susu ni nyanya yake.

Akaacha kucheka. Ameondoka nyumbani miaka, lakini kuna vitu havitoki kwa mtu.

Mzee akauliza mbona huyu mgeni hagusi. Mwende akamweleza, maneno marefu, huku akinionyesha mimi na kuonyesha tanuri nje. Nilikuwa nimejiandaa kuchekwa. Mzee hakucheka. Akapangusa mikono, akasema kwao zamani ilikuwa kinyume. Mwanamke ndiye hakukaribia tanuri. Mama yake mwenyewe alikuwa analeta chakula cha mchana, anakiweka njiani, anageuka anarudi bila kuangalia nyuma.

"Na siku hizi?" nikauliza.

Akaelekeza kidevu nje. Kulikuwa na mwanamke na taulo kichwani, anabeba kuni. "Binti yangu. Ndiye anawasha."

"Na vyombo havikupasuka?"

Hapo ndipo mzee akacheka. "Vinapasuka. Hata vyangu vilikuwa vinapasuka."

Tukapanda baiskeli kurudi. Nilishuka ule mlima bila hata kupiga kengele. Huku tunasema ni mkono wa mwanaume, kule walisema ni mguu wa mwanamke, na udongo wenyewe hakuna mtu aliyeuuliza.

Ningeweza kuacha hiyo iwe hadithi ya kuchekesha watu stendi. Shida ni Mwaitu. Magoti yake yamegoma. Wale wanawake aliokuwa anachimba nao wengine wamekufa, wengine wamehamia sufuria. Hana binti, na mjukuu yuko Japani. Kwa simu aliniambia Jumanne hii anachoma kabla mvua haijaanza, na hajui kama atachoma tena. Alisema kwa sauti ile ya kusema chumvi imeisha.

Akiacha, imeisha. Hakuna mtu mwingine kwetu. Kuna mimi tu, mwenye mikono ya kushika usukani.

Leo asubuhi nikapanda boda hadi Kalama. Nilikuwa nimemletea birika ndogo nyekundu ya chai, kazi ya yule mzee, mpini wa kushikia unatokea ubavuni.

"Mutua, hii ni ya chai ya nani? Ya panya?"

Lakini hakuiweka chini. Akaigonga kwa kifundo cha kidole, akaiweka sikioni. Akaigusa kwa ncha ya ulimi. Akaigeuza, akaona muhuri chini.

"Mbona ameficha alama yake matakoni?" Ya Mwaitu mwenyewe ni nukta tatu shingoni mwa chungu, mtu aone akiwa mbali. Akaizungusha tena polepole. "Lakini huyu mwanamke ana mkono."

"Ni mwanaume, Mwaitu."

Akaniangalia. Nikamwambia yote, tanuri, wanawake kukatazwa, chakula kuachwa njiani.

"Waliwakataza kwa nini?"

"Walisema vyombo vitapasuka."

Mama yangu alicheka akashika kiuno. "Wajinga hao! Mwanamke atapasua chungu na nini?"

Halafu kicheko kikakatika katikati. Akabaki ameshika birika, anaangalia kuku.

Nikasema sasa ndiyo saa. Nikamwambia, "Mwaitu, nifundishe."

"Wewe? Hata ugali wako unapinda." Kisha akakaza uso. "Vyungu vyangu viko ndani, vimekauka vizuri, vinangoja moto. Unataka nivichezee kwa sababu ya mzee wa Japani nisiyemjua?"

Hivyo vyungu ni miezi ya mgongo wake, na labda ni vya mwisho. Nikasema sawa, Mwaitu, nimesikia. Nikainuka kuchukua mitungi niende kisimani.

"Keti."

Akaingia jikoni. Akatoka na donge la udongo juu ya kipande cha jani la mgomba. Hakunipa mkononi. Aliliweka chini kule kwa kuku, mbali na mlango wa vyungu. Akavuta kigoda chake, akakigeuza, akakaa akinipa mgongo.

"Mimi naangalia ng'ombe wa jirani," akasema.

Hakukuwa na ng'ombe.

Akaanza kuimba wimbo wa kanisa, kwa sauti kubwa, watu wa bonde la pili wasikie.

Nitasema ukweli hapa, maana Mwaitu hasomi mtandao, na yeyote atakayempelekea maneno nitamjua. Mimi niliyevuka mipaka usiku bila kuangalia nyuma, niliangalia mlango wa vyungu mara tatu kabla ya kushika. Udongo ulikuwa baridi kama pua ya ndama. Nikaubonyeza, ukabonyea, ukakumbuka kidole changu. Nikachota maji kwa chungu cha kuku, nikaongeza, nikaongeza tena.

Wimbo ukasimama.

"Maji ni mengi."

Alikuwa hajageuka. "Umejuaje?" nikamuuliza.

"Nasikia," akasema, akaendelea na ubeti wa tatu.

Nilichotengeneza ni kitu kama sikio la mtu aliyepigwa. Nikaambiwa nikiweke juu ya banda la kuku, kisionane na vyake. Jumanne atachoma vyungu vyake kwanza, mimi nikiwa mbali kama siku zote. Vikishatoka vizima, changu kitatupwa kwa makaa yatakayobaki.

"Na vyangu vikipasuka," akasema, "wewe na huyo mzee wako mtanijua."

Sasa ni jioni, nimerudi mjini, na udongo uko bado chini ya kucha. Sijautoa. Najiuliza: vikipasuka, nitasema ni upepo? Na visipopasuka, hao waliotufukuza na mwiko miaka hii yote, na mama zao, na mama za mama zao, walikuwa wanalinda nini? Sitaki jibu la haraka. Nataka tu kumsikia tena akiniambia maji ni mengi.

Kesho ni kanisa kule Kalama, na kina mama wa huko wana macho. Nitawasalimia na mikono mfukoni.