Tulinagwe Mtafya: Ulibaki Mama Yetu Hadi Mwisho

Mama, mwaka umetimia tangu tukulaze Ikinga, pembeni ya baba, kwenye udongo wa nyumbani uliokuwa ukiutaja hata baada ya kusahau majina yetu.

Hapa Tunduma wengi walikujua kwa cherehani yako ya barazani. Ulishona sare za shule, magauni ya harusi, na vitenge vya akina mama waliovuka kutoka Zambia, ambao uliwawahi kwa salamu yao ya Kibemba, "mwashibukeni" kabla hawajakusalimia. Mwanamke akija kupimwa ulishusha pazia, na vipimo vyake hukuvitaja kwa sauti. "Kiuno cha mwenzio si cha kutangazia mtaa," ulimwambia binti yako Gwantwa alipokuwa akijifunza kazi kwako.

Ugonjwa ulianza polepole. Uliwahi kukata mkono mmoja wa gauni mfupi kuliko wa pili, ukakaa ukiutazama bila kuelewa. Ukaanza kuwaulizia watu waliokwisha kufa. Baadaye Kiswahili nacho kikakutoka, ukabaki na Kindali cha utotoni.

Ulipozoea kutoka peke yako na kuelekea kwenye foleni ya malori, ukisema unakwenda kwa mama yako, mwanao Watson alinunua kufuli. Hakukusudia ubaya, aliogopa magari. Lakini Gwantwa alipokuja kukuona alikukuta umesimama nyuma ya mlango, umevaa viatu vya kanisani, ukisubiri kufunguliwa. Siku hiyo alihamia kwako. Kila ulipotaka kwenda kwenu alikushika mkono, mkatembea hadi mwisho wa mtaa, mkarudi mmeridhika.

Kisha ukaanguka uani, ukavunjika nyonga.

Hospitali tulikokufikisha ilikuwa imejaa. Gwantwa alitoka kununua maji. Aliporudi alikuta mikono yako imefungwa kwa bandeji kwenye vyuma vya kitanda, kwa sababu ulikuwa unachomoa dripu. Shuka lilikuwa limeteleza, na wapita njia walikuona. Alikufunika kwa kitenge chake kabla ya kusema neno na mtu yeyote.

Daktari alikuwa akizungumza na Watson, amekupa mgongo. "Bibi huyu hajitambui," alisema. "Upasuaji utamsaidia nini? Mrudisheni nyumbani, mumtunze tu."

Watson aliinamisha kichwa. Alikuwa amechoka, na alikuwa karibu kukubali.

"Daktari, samahani," Gwantwa alisema. "Mmemuuliza panapouma?"

"Dada, hawezi kujibu."

Gwantwa alianza kufungua bandeji. Alijua anaweza kutolewa wodini. Muuguzi Marita alisogea. Tukadhani anakuja kumzuia, kumbe alikwenda kufungua mkono wa pili. Gwantwa akainama hadi sikioni kwako, akakuuliza kwa Kindali, taratibu, kama mtu anayemwamsha mtoto. Ulimtazama kitambo. Ukaushika mkono wake, ukaupeleka kwenye nyonga, ukaubana pale, na machozi yakakutoka.

Daktari alivuta kiti, akakaa mbele yako. "Mwambie nimesikia," alimwambia Gwantwa. "Mwambie kwanza tutampa dawa ya maumivu. Halafu tutazungumza habari ya upasuaji."

Gwantwa akakutafsiria. Hatujui ulielewa kiasi gani. Tunajua ulilala, mikono yako ikiwa huru, na Marita aliweka pazia.

Ulifanyiwa upasuaji, ukarudi nyumbani, na ukaishi nasi hadi mvua za masika zilipokwisha. Hukupona usahaulifu wako. Siku nyingine ulikataa chakula, siku nyingine ulimfukuza Gwantwa ukidhani ni mgeni, naye alikwenda kulia jikoni, akarudi na uji. Watson aliuondoa mlango wa uani, akaweka wa nusu, ili uweze kuona watu wakipita. Akawa anakuja kila asubuhi kukunawisha uso na kukupaka mafuta miguuni, kazi ambayo zamani alisema si ya mtoto wa kiume.

Katika juma lako la mwisho, wakati akikupaka mafuta, ulimgusa kichwani ukamuuliza kwa Kindali, "Wewe ni mtoto wa nani?"

"Wako, mama."

Ulimtazama kwa makini, mikono yake, shati lake, uso wake. "Basi nimebarikiwa," ulisema, ukaendelea kumshika kichwa mpaka usingizi ukakuchukua.

Unakumbukwa na watoto wako Gwantwa na Watson, mkweo Getruda, wajukuu zako Irene na Angel, mdogo wako Eliakim Mtafya na ukoo wote wa Ikinga, wanakwaya wenzako, na majirani wa mtaani.

Wewe ulitusahau, mama, na hilo halikuwa kosa lako. Sisi tutakukumbuka siku zote, kwa niaba yako na kwa niaba yetu.