Tarishi Gugu

Nairobi
9 Machi 1966

Mdogo wangu Mwero,

Salamu nyingi kwako na kwa mama. Mimi ni mzima, ila nina dukuduku. Nimerudi kutoka kazini nimekuta kitanda kimetandikwa na sanduku lako halipo. Kuondoka bila kuniaga, Mwero?

Basi usikie habari njema. Ule mchezo wangu wa televisheni umependwa kuliko yote niliyowahi kuandika. Mwigizaji alipougua nikakusukuma wewe mbele ya kamera uwe tarishi wa ofisini, sikutazamia kitu. Lakini ulipokwama kwenye “ba-ba-barua”, wapiga picha walicheka mpaka wakashikana. Wakubwa wanataka tarishi huyo arudi kila wiki. Nimeshampa jina: Tarishi Gugu. Rudi haraka.

Kakako,
Mwinyihaji

Msambweni
2 Aprili 1966

Kaka Mwinyihaji,

Shikamoo. Mama hajambo, ila mguu wake haujapona vizuri. Anakusalimu.

Sitarudi. Siku ile nilipokwama nilidhani utasimamisha, tuanze tena. Nilikutazama kule nyuma ya kioo ulikokaa. Ukanizungushia kidole: endelea. Wewe uliyekuwa ukipigana na watoto wa chuo cha Kurani walioniiga!

Nilipata kazi hotelini Diani, kupeleka chai barazani. Huku kwetu televisheni hakuna, nikamshukuru Mungu. Kumbe wageni wa Nairobi wanakuja na macho yao. Juzi bwana mmoja alinishika mkono. “Wewe si yule tarishi wa televisheni? Hebu sema barua!” Meza nzima ikangoja. Trei ikanitoka mikononi.

Sasa naosha vyombo jikoni. Ni afadhali, sahani hazimsemeshi mtu.

Nduguyo,
Mwero

Nairobi
11 Oktoba 1966

Mwero, ndugu yangu,

Marahaba. Natumaini wewe na mama hamjambo. Kimya changu si cha kukusahau. Kila nilipoandika nilichana.

Hukuambiwa, kwa hiyo nakuambia mimi. Ulipokataa kurudi nilimchukua kijana anayeitwa Mwanzia, nikamfundisha kuwa wewe. Nilimwonyesha hata unavyofumba jicho moja kabla neno halijatoka. Hilo nani angelijua isipokuwa mimi, niliyelala nawe mkeka mmoja? Watu wamecheka miezi yote hii. Mimi sionekani kwenye kioo, hakuna anayenifahamu njiani, wala hakuna wa kunilaumu. Nabaki kujilaumu mwenyewe.

Wiki iliyopita nilimwambia mkubwa wangu, “Gugu simwandiki tena.” Akasema, “Basi ataandika mwingine.” Na anaandika mwingine. Mimi nimehamishiwa vipindi vya kilimo. Ningependa kukuambia kwamba nimekizima kile kipindi. Sikuweza. Kinaendelea.

Nisamehe ukiweza.

Kakako,
Mwinyihaji

Msambweni
5 Novemba 1966

Kaka Mwinyihaji,

Shikamoo. Sote tu wazima, alhamdulillahi. Barua yako niliisoma, nikaiweka, nikaisoma tena.

Naoa, inshallah, kabla ya Ramadhani kuingia. Ni Mwanapili, binti wa Mzee Shutu wa Majoreni. Nikisema naye hunisubiri nimalize, hanimalizii. Baba hayupo, wewe ndiye mkubwa wetu. Lazima uje.

Ila nina ombi, na usikasirike. Shehe atakaponiozesha itanibidi nijibu mwenyewe, kwa sauti, msikiti mzima ukisikia. Usikae mahali nitakapokuona. Nikikuona wewe nitakiona kile kidole.

Nduguyo,
Mwero

Msambweni
8 Desemba 1966

Kaka yangu,

Shikamoo. Natumaini ulifika salama. Mama amenung'unika kwamba uliondoka hata pilau hukuionja.

Nakueleza yaliyopita ndani, kwa kuwa hukuyaona. Shehe aliposema maneno yake, nikaanza, “Ni-ni-ni,” nikakwama. Nikafumba jicho. Hakuna aliyekohoa. Mzee Shutu aliinamisha kichwa akatulia, kama mtu asiye na safari. Kisha likatoka, lote: “Nimekubali kumuoa.” Watu wakaitikia kwa dua, na mimi nikainua macho kukutafuta. Nilikutafuta, kaka. Nilitaka uwe umesikia.

Mjomba Suleiman ndiye aliyeniambia. Alisema ulisimama uani juani, uso umeuelekeza ukutani, mpaka dua ikaisha. Akakuita, “Ingia, mwanangu,” ukatikisa kichwa ukaenda kungoja basi.

Nilikuomba usikae mbele yangu. Sikukuomba ukae nje.

Mwanapili anauliza shemeji yake ni mtu wa namna gani, nami nimemwambia atamwona mwenyewe. Ramadhani inaingia. Chukua ruhusa uje ufuturu kwetu, ukae karibu na mimi.

Mdogo wako,
Mwero