Kanga Juu ya Kamera

Newala Mjini,
Jumapili.

Mama mpendwa,

Shikamoo. Goti lako linaendeleaje, na mikorosho ya hapo Chilangala imeanza kuangusha? Mimi ni mzima, ukarani unaendelea, ila woga wangu ni ule ule. Nakuandikia kwa sababu simu yako huisikiliza kwa sauti ya juu, na haya majirani wasiyasikie kabla ya Mjomba Gasper.

Mwenye nyumba wangu, Mama Reginald, aliletewa vifaa na mwanawe aliye Dar es Salaam: taa zinazowashwa kwa simu, na kamera ya sebuleni inayosikia na kusema. Kwa kuwa nimesoma, nikafanywa msimamizi. Mtandao ukikatika, taa zinagoma na tunakula kwa kibatari. Reginald akiamkia kupitia kamera, mama yake huiitikia marahaba na kuikaribisha ugali.

Alhamisi kamera ikawa giza. Reginald akampigia mama yake, simu imeisha chaji. Akanipigia mimi, simu imezimwa. Akamwomba jirani, Mzee Zabroni, akatazame. Mzee alibisha hodi hadi akachoka, akatangaza kwamba kimya cha humo ndani si cha heri. Haukupita muda, akina mama wamejaa uani na masufuria, kijana wa jirani, Awadhi, amekwisha kuazima turubai. Mama Reginald akarudi kutoka shambani Makote, akaona kilio, akatupa kuni akalia kuliko wote. Ndipo akauliza nani amefariki. Wakamwambia ni yeye.

Alicheka mpaka akakaa chini. Akasema chakula kipikwe tu, naye aonje msiba wake. Nilipotoka kazini niliwakuta wanakula, wote wakiulaumu mtandao.

Mama, mtandao haukuwa na kosa. Asubuhi ile nikifagia, Reginald, yule aliyekubebea mzigo Pasaka, aliniuliza kupitia kamera kama anaweza kutuma wazee kwetu. Nilishtuka, nikaifunika kwa kanga yangu, nikazima simu na kukimbilia ofisini.

Mama Reginald aliikuta kanga. Jioni hiyo akanikabidhi mbele ya kamera, akaniambia nimekaribia kumzika kwa kukimbia swali moja, basi sasa nijibu. Nikasema ndiyo, kwa sauti ndogo hata Reginald akaomba nirudie. Niliporudia, waliokuja kulia wakapiga vigelegele uani.

Wazee watafika Jumamosi. Tafadhali mweleze Mjomba taratibu, akiwa ameshiba. Wasalimie wote hapo nyumbani, na goti ulikande kwa maji ya moto.

Ni mimi binti yako, bado natetemeka lakini nacheka,
Julia